Barua ya wazi kwa wanaoshika faili la mama yangu

Lubumbashi, Komine ya Kamalondo
2 Desemba 2025

Kwa Waheshimiwa mnaotunza mafaili ya watoto machotara wa enzi ya ukoloni, kule Brussels, na kwa wawakilishi wenu waliopo hapa Lubumbashi;
Kwa Waheshimiwa viongozi wa jimbo la Haut-Katanga na wa mji wetu, ambao hoja yangu ya 6 inawahusu.

YAH: BARUA ILIYOANDIKWA NA BABA YANGU MWAKA 1958, NA NENO LILILOANDIKWA MBELE YA JINA LANGU MWAKA 1959

Waheshimiwa Mabibi na Mabwana,

Nawasalimu kwa heshima. Hii ni mara ya 5 ninawaandikia. Barua 4 za kwanza zilikuwa za faragha, kama adabu inavyotaka. Ya kwanza niliipeleka kwa mkono wangu mwaka 2019, wiki chache baada ya Waziri Mkuu wa Ubelgiji wa wakati ule, Charles Michel, kusimama bungeni tarehe 4 Aprili na kuomba radhi kwa watoto kama mimi. Zilizofuata zilitumwa na wanangu kwa barua pepe, maana vidole vyangu na vile vitufe havielewani. Nilijibiwa mara moja tu, mistari 2: ombi limepokelewa, linashughulikiwa. Ofisi iliyonijibu sitaitaja. Yenyewe inajijua, na kijana aliyenipokea dirishani alikuwa na adabu kuliko jibu alilopewa anipe.

Leo ni mwaka mmoja kamili tangu Mahakama ya Rufaa ya Brussels itoe hukumu kwamba Dola ya Ubelgiji ilitenda uhalifu dhidi ya ubinadamu ilipowachukua wanawake 5, wakiwa watoto wasiofika miaka 7, kutoka mikononi mwa mama zao na kuwapeleka misioni ya Katende, kule Kasai. Kosa lao lilikuwa kuzaliwa na mama mweusi na baba mzungu. Kila mmoja aliamriwa kulipwa euro 50,000. Mahakama ya chini ilikuwa imewakatalia mwaka 2021, ikisema kwamba wakati ule jambo lile halikuhesabiwa kuwa uhalifu. Mimi si mmoja wa wale 5, na Katende sijafika. Ila nilichukuliwa kwa sababu ileile. Nimengoja mwaka mzima nione kama hukumu ile itafungua kabati lenye faili letu. Halijafunguka, na mimi nina miaka 70. Ndiyo maana leo nasema mbele za watu.

Niruhusuni nianze na mbu.

Wazungu walipoupanga mji huu ulioanza mwaka 1910, waliacha ukanda mtupu kati ya mji wao na cité (mtaa) ya Waafrika, iliyoitwa Albert, ambayo leo ndiyo Kamalondo yetu. Ukanda huo waliuita zone neutre. Sababu waliyotoa ilikuwa ya kiafya: mbu aliyemuuma Mwafrika asiweze kuruka hadi kwenye kitanda cha mzungu na kumpa malaria. Upana wa ubaguzi ukapimwa kwa mabawa ya mdudu. Usiku, Mwafrika aliyekutwa upande wa pili bila karatasi ya ruhusa alikuwa na kesi. Boyi aliyelala nyuma ya nyumba ya bwana wake, kwenye boyeri, mbu wake hakuhesabiwa.

Mama yangu alikuwa binti wa kapita, yaani msimamizi, katika kambi ya wafanyakazi wa mgodi. Asubuhi alikuwa akiuza mikate, ile ya kukaanga, karibu na geti la karakana ya kampuni moja ambapo baba yangu, Mbelgiji, alikuwa fundi wa mashine. Siku ya kwanza alinunua miwili. Baada ya wiki moja alikuwa akinunua 10 kila asubuhi, na mama alikuwa akicheka hadi uzeeni akisimulia: mtu gani mwembamba vile anayekula mikate 10 kabla ya king'ora cha kazi? Nilipokuwa msichana nilimuuliza kwa ukali kidogo kama kweli yule mzungu alimpenda, au alikuwa akijipumzisha tu kama wengine. Alinijibu kwa Kiswahili chetu cha hapa, ambamo bongo ni uongo: “Alinipendaka, mwana. Haiko bongo. Mbu zilishindwa kupita, baba yako alipita.”

Sisemi kwamba mambo yalikuwa hivyo kwa wote. Nawajua mama ambao hawakuulizwa, walioitwa menajere, yaani mtunza nyumba, huku kila mtu akijua nyumba ile ilitunzwa hadi kitandani. Bwana alipomaliza mkataba wake, alipanda treni na menajere akarudi kwao na mimba na kitambaa kipya. Hata kwa mama yangu mizani haikuwa sawa; baba angeweza kuondoka siku yoyote, mama hakuwa na pa kuondokea. Na kwamba mwanamume mweusi ampende mwanamke mzungu, hilo hata kunong'onwa halikunong'onwa. Nayajua yote haya. Lakini naomba mama yangu asihukumiwe kwa jumla, kama walivyohukumiwa weusi wote kwa jumla.

Hakukuwa na kifungu cha sheria kinachosema mzungu hawezi kumwoa Mwafrika. Kulikuwa na mkuu wa kazi, na mke wa mkuu wa kazi, na padri, na kilabu ambako mtu aliacha kusalimiwa. Kadiri wake wa Kizungu walivyozidi kuja baada ya vita vya pili, ndivyo mambo haya yalivyozidi kufichwa. Mzungu aliyelala na mwanamke mweusi alifumbiwa macho. Aliyetaka kusimama naye mbele ya mwandishi wa serikali, wakatia sahihi, huyo ndiye aliyekuwa hatari, kwa sababu sahihi ile ingemfanya yule mwanamke kuwa Madame, na mtoto aliyekubaliwa na baba mzungu alihesabiwa upande wa baba. Kitanda hakikukatazwa na mtu. Kilichokatazwa kilikuwa karatasi.

Baba yangu aliomba karatasi. Mwaka 1958, kwa maelezo ya mama, aliwaandikia wakubwa wake akieleza kwamba anataka kumwoa mwanamke fulani wa kambini na kumtambua mtoto wao wa miaka 3. Alimsomea mama barua ile kabla ya kuipeleka, akimtafsiria neno kwa neno. Wiki 3 baadaye aliambiwa mkataba wake umekwisha. Mama alifika gare, stesheni ya treni, akakuta treni inatoa moshi. Mwaka uliofuata ilikuja gari yenye masista 2 na askari mmoja.

Sasa hoja zangu, moja baada ya nyingine.

1. Kuhusu neno “aliyeachwa”. Mwaka 1984 nilirudi kwenye misioni niliyolelewa. Sista mmoja mzee, Mungu amrehemu, alinifungulia daftari kwa dakika chache, huku akitazama mlango. Jina langu lilikuwepo, namba, tarehe, na maneno 3 ya Kifaransa: père inconnu, abandonnée. Baba hajulikani, mtoto ameachwa. Baba alijulikana na geti zima la karakana. Na mtoto hakuachwa: nilishikwa mkono na mama yangu, mlangoni kwa babu, na mkono ule ulibanduliwa. Nilihitaji kuitwa “aliyeachwa” ili sheria ya ulezi wa watoto walioachwa ipate mtu wa kumlea. Mahakama yenu imekwisha kusema kwamba wale 5 walichukuliwa bila mama zao kukubali. Basi neno lile lina kazi gani bado mbele ya jina langu?

Mtasema: maandishi ya zamani hayafutwi. Sikubaliani na kuyafuta hata mimi. Acheni neno lile lisomeke, na pembeni yake muandike, kwa tarehe ya leo na kwa muhuri, kwamba si kweli.

2. Kuhusu barua ya baba. Tarehe 29 Machi 2018 Bunge la Ubelgiji lilipitisha azimio juu ya machotara wa ukoloni, na moja ya mambo lililoyataka ni kwamba tusaidiwe kuzifikia nyaraka zetu. Nyaraka nyingi za utawala zilisafirishwa kwenda Ubelgiji wakati wa uhuru. Hiyo si siri. Nilipouliza kama barua ya 1958 imo, niliambiwa kwa mdomo kwamba mwenye kutaka kusoma aende akasome. Niende vipi? Kwa viza nadaiwa akaunti ya benki iliyoshiba, na hakikisho kwamba nitarudi. Mimi mwanamke wa miaka 70 mwenye lupango (kiwanja na nyumba yake), wajukuu 11 na kuku, nahofiwa kwamba nitajificha Ulaya. Wakati ule nilikuwa na miaka 4, nilisafirishwa bila mtu kuniuliza kama nitarudi.

Kuna aliyenishauri nipime vinasaba: niteme mate kwenye kichupa, yatafutwe majina ya ndugu. Nashukuru kwa ushauri. Mate yangu yatasema damu ni ya nani. Hayatasema kwamba yule mtu aliomba ruhusa ya kumwoa mama yangu akakataliwa. Hilo limo kwenye karatasi au halimo popote.

3. Kuhusu majina kutolingana. Hii ndiyo sababu pekee iliyowahi kuandikwa na mtu, kwa kalamu ya risasi, kwenye pembe ya nakala yangu: “Utambulisho hauna uhakika.” Waheshimiwa, nilizaliwa Élisabethville, Congo Belge, jimbo la Katanga. Mwaka 1966 mji ukaitwa Lubumbashi. Mwaka 1971 nchi ikawa Zaire na jimbo likawa Shaba. Mwaka 1972 Mobutu akakataza majina ya Kikristo, nikaacha lile nililobatizwa na masista nikachukua la bibi yangu. Mwaka 1997 nchi ikarudi kuwa Kongo na Shaba ikawa tena Katanga. Mwaka 2015 Katanga ikakatwa vipande 4, tukawa Haut-Katanga. Nina vyeti 5, na ukiviweka mezani utadhani ni vya wanawake 5 waliotembea sana. Sijawahi kuhama Lubumbashi isipokuwa mara ile moja nilipohamishwa. Mji ndio uliokuwa ukihama jina.

4. Kuhusu faragha ya familia ya baba. Inawezekana kule alioa, akazaa, na watoto wake hawajui kwamba tupo. Nalielewa jambo hilo kuliko mnavyodhani. Hata mimi wanangu niliwaeleza kwa kuchelewa. Sitaki urithi. Nyumba yao wabaki nayo. Kama ndani ya faili kuna majina ya watu walio hai, yafunikeni kwa wino mweusi, na mnibakizie mistari aliyoiandika baba kuhusu mama. Faragha ya mama yangu haikuwahi kuwa hoja. Masista waliandika hata idadi ya nguo nilizokuja nazo.

5. Kuhusu radhi na huruma. Hili nalisema kwa uangalifu, kwa sababu siku ile ya 2019 nililia mbele ya televisheni ya jirani. Halafu mjukuu wangu anayesoma sheria akanisomea hotuba polepole. Radhi ziliombwa kwa machotara na jamaa zao, kwa mateso na dhuluma waliyoipata. Kwa mama wa Kiafrika walionyang'anywa watoto, neno lililotumika ni huruma. Huruma! Huruma nampa hata mtu aliyeangukiwa na mwembe. Ukimgonga mtu kwa gari, humwambii unamhurumia ukaondoka. Mnaweza kusema “jamaa zao” ni pamoja na mama zetu, na kwamba natafuta nywele kwenye yai. Labda. Lakini waliosimama mlangoni wakaambiwa wapishe hawakuwa jamaa wa mtu, walikuwa mama, na wengi wao leo wako makaburini.

Wangu alikufa mwaka 2003. Niliporudishwa kwake mwaka 1961, katika vurugu za Katanga ya Tshombe, aliyeitenga na Kongo, misioni ilipopungukiwa na chakula, sikumjua. Nilikuwa nimefundishwa kumwita kila mwanamke mkubwa Madame. Basi nami, kwa miezi 2, nilimwita mama yangu Madame. Alipakua bukari (ugali) na sombe (kisamvu), nikasema merci, Madame. Alikuwa anatoka nje kidogo, halafu anarudi. Baadaye sana ndipo nilipofikiri kwamba lile ndilo jina baba alilotaka kumpa kwa sahihi, na aliyekuja kumpa ni mimi, kwa kutomjua.

6. Kwenu sasa, Waheshimiwa viongozi wa jimbo na wa mji wetu. Msikae mkidhani barua hii ni ya watu wa Brussels peke yao. Katika karte yangu, yaani mtaa wangu, kuna watoto wanaozaliwa na baba waliokuja kufanya kazi katika migodi ya shaba na kobalti, kutoka mabara yote. Sichagui taifa, shaba haichagui pia. Wasichana wetu wengine wanapendwa, wengine wanadanganywa, kama zamani. Baba mkataba wake unaisha, au kambi yake inamkataza kuonekana na mwanamke wa mjini, na asubuhi simu yake haipatikani. Mwaka jana nilimsindikiza binti wa jirani kwenda kuandikisha mtoto wake, ndani ya zile siku 90 ambazo sheria inazitoa. Mwandishi, bila hata kuinua macho, alipiga mstari kwenye nafasi ya baba. Binti alikuwa na jina la baba, picha zake na ujumbe wake kwenye simu. “Hizo si karatasi,” akaambiwa.

Kanuni yetu ya Familia ya mwaka 1987 inasema kila mtoto Mkongo lazima awe na baba, na kwamba hakuna mwenye haki ya kumpuuza mtoto wake, awe amezaliwa ndani ya ndoa au nje yake. Imeandikwa wazi, na haisemi “isipokuwa baba akiwa mgeni mwenye kampuni nyuma yake”. Mtaniambia kampuni zikibanwa zitaondoka. Mabwana, tangu enzi ya Union Minière hadi Gécamines hadi leo, sijasikia kampuni iliyoacha shaba ardhini kwa sababu ya cheti cha kuzaliwa.

Nimemaliza malalamiko. Ninachoomba ni hiki. Kutoka kwenu wa Brussels: nakala ya faili langu na la mama yangu, iletwe hapa Lubumbashi kwa mawakala wenu, bila mimi kudaiwa viza, na ndani yake barua ya 1958 kama ipo, kama haipo, niandikiwe kwa sahihi ya mtu mwenye jina kwamba imetafutwa, wapi, na lini. Maelezo ya pembeni dhidi ya neno abandonnée, kwa namna niliyoeleza. Na lile neno la hotuba ya 2019, siku mtakayolizungumzia tena bungeni, mama nao waombwe radhi kwa jina la mama.

Kutoka kwenu wa hapa: agizo kwa waandishi wote wa komine kwamba mama akitaja jina la baba mgeni, wamsikilize na kumweleza njia ya kulifikisha mahakamani, na wasipige mstari kabla hajamaliza kusema.

Nawapa hadi Pasaka. Baada ya hapo mjukuu wangu, yule wa sheria, ana mpango wake, na mimi nimechoka kumzuia.

Ofisi ina namba yangu ya simu tangu 2019. Asubuhi nipo nyumbani. Mchana, kama hakuna mvua, nakaa mbele ya lupango na meza yangu, nauza mikate.

Kwa heshima,

Mama Mapasa
Kamalondo, Lubumbashi

Nakala: ofisi ya komine, parokia, watoto wangu na wajukuu, kila mmoja aweke yake.